Minazi ya Baba Kwenye Shamba la Mama

Baba yangu alinuka tumbaku ingawa hakuvuta hata siku moja. Aliipanga katikati ya ngozi za mbega ili wadudu wasile yale manyoya marefu, meusi kwa meupe, ambayo wake wa Wadachi waliyapenda kupita kiasi. Wawindaji wa Uluguru walimletea ngozi, naye, mtu wa pwani, akazipeleka kwao Bagamoyo kuuza. Moja nililalia mimi mpaka nilipovunja ungo. Sijapata kitanda kizuri kama kile.

Kwa kuwa alijua kusoma na kuandika, Bwana Shauri, mtawala wa Kijerumani pale Morogoro, akamfanya jumbe. Hapo ndipo tulipoharibikiwa. Wanawake waliozoea kututania mtoni wakawa wananyamaza tukifika, maana baba ndiye aliyechagua waume zao waende kulima barabara ya Mdachi. Simtetei. Nilimpenda, na nilimwonea haya.

Kisha akapewa hati ya shamba. Mteremko ule mama aliokuwa akilima ukaandikwa jina la baba, naye, kabla hata hajala, akapanda miche kumi na miwili ya minazi iliyotoka pwani. Kwao aliyepanda mti ndiye mwenyewe. Kwetu Waluguru shamba ni la ukoo wa mama. Mume apande mahindi mpaka achoke, lakini akipanda mti wa kudumu, amenyang'anya ardhi mchana kweupe.

Kesho yake mjomba, kaka mkubwa wa mama, akateremka kutoka mlimani. Hakupiga kelele. Alimwambia mama, "Funga mizigo. Minazi hii isipong'olewa leo, unarudi nyumbani na mtoto."

Mama akaanza kukunja nguo huku machozi yanamtoka. Sikutaka kwenda popote bila baba.

"Shemeji," baba akasema, hati mkononi, "nimempandia binti yangu. Siku nikifa mtamfukuza hapa. Nataka awe na chake."

Mjomba akamkodolea macho, kisha akaangua kicheko.

"We shemeji! Huyu si katoka tumboni mwa dada yangu? Shamba hili lake tangu hajazaliwa. Nani amfukuze? Wewe unamwibia, halafu unampa!"

Baba akakaa chini kwenye udongo na kanzu yake nyeupe ya ujumbe. Miaka yote ile alikuwa akikosa usingizi kwa ajili yangu, na wala hakuwahi kumuuliza mama. Alipoinuka aling'oa minazi yote kwa mikono yake, mmoja mmoja, na mjomba alipotaka kumsaidia akakataa.

Alipomaliza akaja akachuchumaa mbele yangu. Mama alikuwa bado ameshika mzigo wake.

"Mwenye shamba," baba akaniambia, na hakuwa akitania, "utaniruhusu nikae?"

Nilikuwa na miaka minane.

"Kaa, baba," nikamwambia. Mama akaufungua mzigo.