Makombo ya Fabião

Tangu arudi vitani, Fabião Macuácua alikula peke yake, na sisi majirani zake hapa Manjacaze, Msumbiji, tulisema ana maringo. Alisingizia vidonda vya tumbo. Vidonda gani hivyo visivyokataa pilipili?

Alipopooza upande wa kulia, binti yake Hortência alimtafutia mtu wa kumuuguza, Rosalina Chaúque, mjane mwenye maneno mengi. Rosalina alishangaa kuona makombo ya mzee yanafukiwa nyuma ya nyumba, hata kuku hawapewi. Akauliza, mzee akasingizia vidonda vile vile. Basi akaendelea kumwogesha na kumtania kwamba ni mzito kama gunia la mihogo mibichi.

Siku moja alikuwa akiuosha ule mkono uliopooza, polepole, kidole kwa kidole.

"Huo uache," mzee akasema. "Huo umeua mama wa watu."

Akamweleza yote. Barabarani, wakati wa vita, alimpiga risasi mwanamke aliyekuwa akikimbia na kapu kichwani. Amani ilipokuja, waliorudi waliogeshwa dawa na mganga kabla ya kuingia nyumbani, na kila mmoja alitakiwa kuwataja wote aliowaua. Mama yake alikuwa amesimama pale pale; Fabião akaona aibu, akataja wanajeshi tu. Dawa ikamwagwa juu ya uongo. Kuanzia hapo aliamini kwamba atakayekula naye sahani moja ataibeba damu ile. Mkewe alikufa akidhani hapendwi.

Rosalina akaukausha mkono, akaondoka bila kuaga. Mzee alilia kwa sauti mpaka nasi tukasikia, na kwa mara ya kwanza nilimwonea huruma.

Kesho yake Rosalina alirudi, macho yamemvimba. Akasonga ugali, akamlisha kwa kisamvu cha karanga. Mzee aliposhiba, Rosalina akaivuta sahani na kuanza kula kilichobaki.

"Acha, mwanangu. Utaugua."

"Nitaugua nimeshiba."

"Ina maana umenisamehe?"

"Hilo siliwezi, babu. Aliyekufa si mimi. Mimi nina njaa tu."

Mzee alimtazama mpaka tonge la mwisho, machozi yakimtiririka. Kisha akamwita Hortência, akamtuma kwa mganga: aambiwe kuna mtu hakutajwa siku ile.

Hortência akauliza mtu huyo anaitwa nani.

"Sijui," mzee akasema. "Sikumuuliza."