Shosho Magdaline na Ngurumo za Majengo

"Shosho, na siku ukikosa kuitikia, itafanya nini?"

Nilimuuliza hivyo nikiwa darasa la pili. Mvua ilikuwa imepita tu, na Shosho Magdaline, bibi jirani yetu, alikuwa ameketi juu ya kile kipande cha reli anachofulia chuma, akijifuta uso kwa aproni. Aliniangalia kama mtu anayetafuta mahali pa kutua mzigo. Kisha akaniambia mama yangu ananiita. Mama hakuwa ananiita. Hata hakuwa nyumbani.

Kama hujawahi kukaa jirani na Mrindimi, acha nieleze. Warindimi si watu kama sisi, ingawa wanapanga vyumba kama sisi na wanapiga foleni ya maji kama sisi. Ngozi yao ni rangi ya chuma kilichotoka motoni kikapoa. Hawana kope. Mvua ikikaribia nywele zao husimama wima, na ukiwasalimia kwa mkono unapigwa shoti kidogo, kwa hivyo sisi watoto tulikuwa tunashindana nani atamsalimia Shosho kwanza. Kazi yao ni uhunzi. Hiyo, na kuitikia.

Kuitikia ni hivi. Ngurumo ikilia, Mrindimi anagonga chuma mara moja, kwa nguvu. Ngurumo inasikia imeitikiwa, inaendelea na safari yake. Ikilia tena, anagonga tena. Wamefanya hivyo tangu wazee wao waliposhuka kutoka mlimani, na hakuna aliyewahi kuacha ngurumo hata moja bila jibu. Kwa hivyo hakuna aliyejua ingekuwaje. Wengine walisema radi itachoma soko, wengine ati mlima utapasuka. Kila mtu Majengo alikuwa na jibu lake isipokuwa Shosho.

Zamani walikuwa wengi, wanapokezana. Wengine walikufa, wengine wakahama, akabaki yeye peke yake na nyundo. Kuanzia Machi mpaka mvua ikatike hakuvua ile aproni. Alikula amesimama. Bintiye Ngendo aliolewa Kangari mwezi wa Aprili na Shosho hakwenda. Alituma jiko la makaa alilolichonga maua pembeni. Ni Julai tu, ukungu ukishuka na mbingu ikinyamaza, ndipo alipolala, na ungemsikia akikoroma mchana kutwa ukiwa barabarani.

Nilipoingia sekondari masikio yake yalianza kumchezea. Siku moja ya Februari, jua kali kabisa, lori lilimwaga mawe ya ujenzi nyuma ya msikiti. Shosho alikuwa anasinzia. Aliruka, akagonga.

Ukigonga kabla ngurumo haijakuita, ni kama umeiita wewe. Alasiri hiyo hiyo wingu lilikuwa juu yetu, likizunguka kama mgeni aliyepigiwa simu na sasa hapati aliyempigia. Shosho aligonga mpaka mkono ukakataa. Upande wa Tetu mvua ya mawe ilichana majani ya chai, na radi ikaua ng'ombe wa maziwa wa mzee Theuri, ambaye hakuwa na mwingine.

Abdilatif, mwenye duka la mkabala, hakuweza kujizuia. "Mama Ngendo, leo umeitikia lori. Kesho mtu akikohoa itakuwaje?"

Watu walicheka. Shosho alifungua aproni, akaikunja, akaenda Tetu kumwona Theuri. Alimweleza mama yangu baadaye kwamba mzee hakumtukana. Alimpa chai, akamwomba radhi kwamba ni ya mkandaa, maziwa hakuna tena. Ati hiyo ndiyo ilimwuma zaidi.

Jumapili iliyofuata alimwita Ngendo aje achukue nyundo. Ngendo ana karakana yake Kangari, anachomelea mageti. Kuta zetu ni mabati, na mimi nilikuwa nje nafua nguo, kwa hivyo nilisikia.

"Mama, mimi natumia stima. Stima haiiti mtu. Ikipotea tunaenda nyumbani."

"Na hapa nani ataitikia?"

"Kwani ni nani alisema lazima?"

 Ngendo alimkanda ule mkono kwa maji moto, akampikia mukimo, akaondoka kabla jua halijashuka. Nyundo ilibaki pale pale.

Sasa ilikuwa hivi: akigonga, huenda anaitikia lori na kuua ng'ombe wa mtu mwingine. Asipogonga, hakuna anayejua itakuwaje. Mwaka huu, mvua za Machi zikikaribia, alipita mlango kwa mlango akisema kwa sauti ya chini kwamba hasikii vizuri tena, na safari hii hatagonga. Mwenye watu wake mahali pengine, aende. Wachache walikwenda. Abdilatif alishusha sukari kutoka rafu ya juu. Mama alisema haendi popote na nguo ziko kwa maji.

Wingu la kwanza lilikuja alasiri moja. Shosho alikaa mlangoni pa kibanda chake, mikono ameikalia. Ngurumo ililia upande wa mlima. Nywele zake zikasimama. Ikalia tena, karibu, kisha juu yetu kabisa, na niliona mabega yake yakiruka kama ya mtu aliyeitwa jina. Hakuinuka. Wingu likashuka mpaka mnara wa msikiti ukapotea. Mwanga wa samawati ulikishukia kibanda, ukainua bati la paa polepole, kama mtu anayefunua sufuria kuona kilichomo. Ukakaa hapo. Kisha ukarudisha bati, upande kidogo, na mvua ikaanza kunyesha, mvua ya kawaida tu.

Nilitoka dukani kwa Abdilatif, nikavuka barabara mbio. Alikuwa amelowa, nywele zimelala, mikono bado ameikalia. Nilidhani analia, lakini alikuwa anapiga miayo. Alinitambua, akasogea ili nikae.

"Si wewe uliniuliza itafanya nini?" alisema. "Inakuja tu kuangalia kama uko mzima. Ikipata umechoka, inakuacha ukae."