Kibao cha Mtaa

Huyu mzee, fundi saa wa pale kona, atakuja kumuua Shamila kwa presha. Vidole vyake hushika skrubu ndogo kuliko punje ya ulezi, na redio yake haizimwi. Kila ikitangaza kwamba jeshi limevuka mpaka wa nchi ya watu, huinuka kimya na bisibisi, hufungua kibao cha jina la mtaa, hukificha chini ya benchi. Leo washenga waliotoka Kigwa kumposa binti wa Shamila wamezunguka Tabora nzima wakiutafuta mtaa mpaka pilau imepoa.

Shamila akamfuata kwenye benchi lake. “Shikamoo babu. Hivi hicho kibao kimekukosea nini?”

“Marahaba. Mwaka sitini na nane nilikuwa mwanafunzi Chekoslovakia. Watu walikuwa wameanza kusema wanachotaka bila kugeuka nyuma kuona nani anasikia, nchi jirani zikawaletea vifaru. Tuling'oa vibao vya mitaa, vifaru vikapotea njia.”

“Vikarudi kwao?”

Mzee akapuliza vumbi kwenye saa. “Havikurudi. Vilifika.”

“Sasa faida yake nini, babu?”

“Vilichelewa, mwanangu. Tukapata muda wa kuagana.”