Mtoto Aliyekatwa kwa Makasi

Aliyeniambia kwanza ni jirani yangu wa mlango wa pili. "Mama, yule bwana wa lori la sinema, anayekuja kutuonyesha filamu, amemkata mwanao kwa makasi!" Akanipa kipande cha filamu alichookota karibu na lori. Kweli alikuwa mwanangu, aliyepigwa picha za sinema miezi michache iliyopita tulipofundishwa kuogesha watoto kliniki. Picha ndogo sita, na katika zote hasogei wala hapumui. Niliogopa kwamba lililompata pichani litampata na mwilini.

Nilikimbia hadi kwenye lori, mtoto mgongoni, nikamnyooshea bwana kile kipande. Aliinama kukitazama.

"Filamu ilichanika, nikaondoa palipoharibika."

"Mbona hasogei?"

"Hakuna picha inayosogea, mama. Zinapita mbio. Jicho linakawia kuiacha moja, nyingine imefika, basi unaona mtu anatembea."

"Na mwanangu?"

"Huyu anayevuta kofia yangu?"

Watu waliotuzunguka walicheka. Kumbe siku zote tunakwenda kutazama vitu vilivyosimama, na kazi yote inafanywa na macho yetu. Nilimwamini. Hata hivyo, asubuhi iliyofuata nilimwogesha mtoto polepole, nikahesabu vidole vyake, kisha nikavihesabu tena.