Nilivyompikia Mama Mkwe Mlenda wa Kichina

Jamani, mama mkwe wangu alimaliza chakula nilichompikia kwa mikono yangu, halafu tukasikia zipu ya begi lake.

Vuta kigoda, hii ina mambo.

Naitwa Abbasi, dereva wa bajaji, nakaa Majengo hapa Dodoma. Mke wangu Asma ni binti wa Kondoa. Juzijuzi mama yake, Bi Mwajabu, alikuja kwetu kwa ajili ya kliniki ya presha. Daktari akasema chumvi kidogo, mafuta kidogo, na dawa asinywe tumbo likiwa tupu.

Sasa Asma na sifa zake! Mama kaja mjini, lazima ale vya mjini. Leo pilau, kesho chapati na kuku, keshokutwa biriani. Vyote vinang'aa mafuta.

Mama anadonoa kidogo, anasukuma sahani.

"Nimeshiba, mwanangu."

Ameshiba nini? Kila siku anapungua tunamwona, na dawa hanywi.

Jioni moja akamwita mwanawe. "Asma, mwambie mwenzio anikatie tiketi ya kesho. Nirudi kwangu. Mdomo umekataa."

Na matibabu ndiyo kwanza yameanza. Asma akaja jikoni analia kabisa. Mimi roho iliniuma, maana mama yule alinikubali wakati sina hata godoro.

"Baba Shamimu, nimpikie nini tena?"

"Pumzika. Leo napika mimi."

Akanitazama kama nimerukwa na akili. Mwanaume kumpikia mama mkwe! Kwetu hata kula mbele yake huwezi.

Lakini kabla ya bajaji niliwahi kuosha sufuria kwenye kambi ya wajenzi wa barabara. Mpishi alikuwa Mchina, mzee Liu, mtu asiye na longolongo. Maji yanachemka, anatia tangawizi na kitunguu saumu, anakoroga unga kidogo wa mahindi ili supu iwe nzito, kisha anamimina yai taratibu mpaka linakuwa nyuzinyuzi. Kwisha habari.

Nikajiuliza, huo uzito kwa nini usitoke kwenye mlenda, mboga yetu ya kuteleza?

Nikatoka mbio hadi gengeni, nikarudi na mlenda mkavu uliosagwa. Asma kuuona tu, akang'aka.

"Mlenda? Mama yangu unampa mlenda? Unataka Kondoa yote waseme tumefulia?"

Mnatujua watu wa huku. Mlenda tunaupenda sana, ila tunaula wenyewe, mlango ukiwa umefungwa. Mgeni wa heshima anawekewa nyama.

"Niache nijaribu," nikamwambia. "Akikataa, kesho namsindikiza stendi mwenyewe."

Nikapika kama mzee Liu. Mlenda ukaingia, supu ikawa nzito vizuri, yai likatanda. Nikatupia majani ya kitunguu, nikakamua limau, nikanyunyiza ufuta niliokaanga bila mafuta. Pembeni nikasonga ugali wa uwele, nikaukata vipande na kuvibabua kwenye kikaango kikavu. Adhana ya Isha ilinikuta nimeshapakua.

Asma akapeleka. Mimi nikabana nyuma ya pazia, nikatega sikio.

"Ni nini hiki?" mama akauliza.

"Supu ya Kichina, mama."

"Ya Kichina? Haina chura?"

"Haina, mama. Mayai tu na mboga."

Akachota kijiko kimoja.

Halafu nikasikia: fyuuu.

Tena, fyuuu. Kijiko kikaanza kugonga bakuli. Nilitamani kushangilia kama timu yangu imefunga.

Asma akatoka na bakuli tupu kabisa. Hatujakaa sawa, ndipo ile zipu ikalia. Asma akachungulia, akarudi ameshika kichwa.

"Anafungasha! Amejua ni mlenda, amekasirika!"

Nikasahau heshima zote, nikaingia.

"Shikamoo mama. Nisamehe, Asma hana kosa. Ule ni mlenda, na nimepika mimi."

"Marahaba, baba. Kwani mimi mlenda siujui?"

Nguo zake zilikuwa zimetapakaa kitandani. Akazamisha mkono hadi chini ya begi, akatoa furushi la kitenge, akalifungua.

Mlenda mkavu, wa shambani kwake!

"Niliubeba kutoka nyumbani," akasema, macho chini. "Nilipofika nikakuta vigae, jiko la gesi, mapilau. Nikaona aibu. Nikasema hawa watanicheka."

Asma akamkumbatia mama yake, wakacheka na kulia kwa pamoja. Mimi nikarudi jikoni kujifanya naosha vyombo.

Tiketi haikukatwa. Dawa anakunywa, presha inashuka, na majirani anawaambia Wachina ile supu walijifunza Kondoa.

Nililojifunza mimi ni hili: mgeni muulize anataka kula nini. Sisi tulikuwa tunapikia sifa zetu, na mama wa watu analala njaa nyumbani kwa mwanawe.