Msomaji wa Matumbo ya Nyoka

Nilipokuwa mtoto kule Madibira, nyoka akiuawa hakuna aliyehangaika na kichwa chake. Kichwa kilipondwa kwa jembe, kikaisha. Mambo yote yalikuwa tumboni. Nyoka aligeuzwa chali kwa kijiti, watu wakamzunguka, na swali lilikuwa moja tu: tumbo lina rangi gani? Likiwa jekundu, huyo katumwa na mtu, na ule wekundu ni damu ya yule aliyetangulia kuumwa. Likiwa jeupe, ni nyoka wa Mungu, anajipitia zake, na akikuuma ni sawa na kuchomwa na mwiba. Nayaeleza haya bila kucheka kwa sababu nilishamaliza kucheka zamani. Watu wazima na akili zao, wenye watoto, wenye kadi za kupigia kura, waliamini hivyo. Na mimi niliamini kuwazidi wote.

Aliyetufundisha elimu hiyo tulimwita Mzee Chali, kwa sababu ya huko kuwalaza nyoka chali. Jina lake la ubatizo silitaji, halistahili wino wangu. Hakuwa mganga, hakuwa mwindaji, na wala hakuwa mzee kiasi hicho. Alikuwa mgawa maji. Mashamba ya mpunga yalipata maji ya mfereji kwa zamu, na ufunguo wa geti la mfereji wetu ulining'inia shingoni mwake kwa kamba ya kiatu. Elimu yake yote ilitoka kwenye ule ufunguo. Mtu mwenye maji akikwambia nyoka huyu katumwa, utambishia vipi na mpunga wako unakauka? Angesema nyoka yule ni diwani tungeitikia, "Ndiyo, mzee."

Baba yangu ndiye aliyeniudhi zaidi. Alitoka Igowole na mama kuja kutafuta maisha kwenye mpunga, na nyumbani alikuwa mkali, hakuna aliyethubutu kukohoa akisikiliza taarifa ya habari. Lakini akimwona Mzee Chali anakuja kwa mbali, alivua kofia kabisa. "Kamwene, mzee wangu," anamsalimia kwa kilugha, na sauti imekuwa ya mtoto wa kipaimara. Mzee wake wapi? Walikuwa wamepishana miaka mitatu, minne hivi.

Vinyoka vyenye tumbo jekundu vilikuwepo kweli, tena vingi. Vilikaa mferejini, kwenye majani yenye maji, mgongo wa kahawia, tumbo la rangi ya tofali lililoiva. Havizidi urefu wa mkono. Vinakula vyura. Nimekuja kujua ukubwani kwamba havina sumu ya kumdhuru mtu, na ukivishika mkia unakatika na kubaki mkononi ukirukaruka, kama wa mjusi. Basi siku moja kimoja kikapigwa kwenye tuta la shamba letu, mkia ukakatika, ukaruka mara mbili tatu na kuangukia upande wa shamba la Mama Neema, mjane aliyelima jirani yetu.

"Mmeona?" Mzee Chali akasema, kidole juu. "Kauacha mkia uende kumpa taarifa mwenye nyoka."

Jamani! Mkia upeleke taarifa! Na watu wakaguna, "Mh," wakamgeukia Mama Neema, ambaye alikuwa ameinama anang'oa magugu yake, hana habari. Tangu siku hiyo zamu yake ya maji ikawa ya mwisho, na mara nyingi ikafika wakati maji yenyewe yameisha. Wanawake wakaacha kumsalimia mashineni. Alikuja kwetu mara moja kumwuliza baba kama na yeye anaamini mambo haya. Baba akatazama chini, akasema, "Unajua, mama, mimi ni mgeni huku." Miaka sita tulikuwa tumeishi pale.

Mimi nilikuwa mwanafunzi bora wa Mzee Chali. Nilikuwa na miaka tisa na kijiti changu cha mpera, kilichochongwa ncha kwa ajili ya kazi hiyo. Nyoka akipigwa popote, nilikimbia kabla ya wakubwa, nikamgeuza, nikatangaza. Mzee Chali akanisifia mbele ya watu kwamba binti huyu ana jicho. Mtoto wa miaka tisa aliyesifiwa mbele ya watu hana tena masikio ya kusikia kitu kingine. Nikawa naringa. Hata shuleni, mwalimu akifundisha mambo ya viumbe, nilimtazama nikimwonea huruma kwa kutojua.

Sasa nisimulie siku yenyewe.

Shule zilikuwa zimefungwa, mpunga umeanza kutia maziwa, na mimi na kaka yangu Lameki, mwenye miaka kumi na miwili, tulikuwa tunaamia ndege. Kazi ya kuamia ni ya watoto: mnakaa shambani tangu alfajiri, mnapiga kelele, mnarusha udongo kwa kombeo, ndege wasishuke. Mkilegea saa moja tu, baba atakuta mashuke matupu. Tulikuwa na dungu, kichanja cha miti chenye paa la nyasi, mmoja anapumzika, mwingine anazunguka kwenye matuta.

Jua lilikuwa halijapanda sana nilipomsikia Lameki akipiga ukelele kwenye tuta la mwisho.

"Twilumba! Nyoka! Kaniuma!"

Nilipofika alikuwa ameshampiga kwa fimbo mpaka akatulia. Alikuwa mnene, mfupi, na madoa ya mgongoni kama magome ya mti. Kifutu. Sisi sote tulijua vifutu. Lakini Mzee Chali alikuwa ametufundisha kwamba hata vifutu viko vya aina mbili, na ukitaka kujua ya kwako ni ipi, unajua pa kutazama.

"Ngoja nimsome," nikasema.

"Umsome nini? Mguu unawaka moto!"

Nikatoa kijiti changu cha mpera. Nikamgeuza taratibu, kwa madaha, kama daktari. Tumbo lilikuwa jeupe, na umanjano kidogo kwa pembeni.

"Jeupe, kaka. Jeupe kabisa. Hana neno huyu."

"Twende nyumbani, Twi."

"Tukienda ndege watamaliza mpunga, na baba atatuchapa wote wawili. Kalale dunguni. Jua likifika utosini maumivu yanaisha. Mzee kasema."

Lameki alinitazama. Alikuwa amekunja uso, jasho linamtoka, kisigino kina vitundu viwili vidogo. "Una uhakika?"

"Si nimesoma?"

Akaenda kulala dunguni. Mimi nikaamia peke yangu, matuta yote, na nilijisikia mtu mzima. Nilimsikia akilia, nikampigia kelele avumilie. Mara ya pili nilipomsikia sikumjibu. Kilio chake kilikuwa kinanitia aibu, kwa sababu hakikulingana na kitabu changu.

Mama alipokuja na chakula cha mchana akachungulia dunguni, akaangusha sufuria. Mguu ulikuwa umevimba mpaka juu ya goti, umekuwa mweusi, ngozi inang'aa kwa kukazwa. Alipiga yowe lililoleta watu wa matuta yote. Baba akaja. Mzee Chali naye akaja, ufunguo shingoni, hana haraka. Hakuutazama mguu. Nasema tena, hakuutazama mguu. Alikwenda kwa nyoka, akamkuta ameshageuzwa, akatikisa kichwa kwa kuridhika.

"Jeupe," akasema. "Mtoto kasoma vizuri. Mfungeni kitambaa, mumpake majivu ya mgomba. Kesho anacheza mpira."

Mama Neema alikuwa amesimama nyuma ya watu, na matope mpaka magotini. "Baba Lameki," akaita, "mpelekeni hospitali. Sasa hivi. Kifutu ni kifutu."

Watu wakageuka wakamtazama mwanamke wa nyoka akitoa ushauri wa nyoka. Mmoja akacheka. Baba alimtazama mkewe anayelia, akamtazama Mama Neema, kisha akautazama ule ufunguo. Siku ile ilikuwa zamu yetu ya maji. Nafikiri nimemsamehe baba mambo mengi, Mungu amrehemu alipo, lakini ile sekunde aliyotazama ufunguo bado sijaimudu.

"Tungoje kidogo," akasema. "Mzee anajua."

Tukangoja mpaka asubuhi ya kesho yake, Lameki alipoanza kutokwa na damu kwenye fizi. Ndipo mama alipombeba mgongoni, mtoto wa miaka kumi na miwili, akaenda naye barabarani kutafuta gari bila kumwomba mtu ruhusa. Gari la mpunga likawachukua. Nilikwenda nao kwa sababu niliishika kanga ya mama nikakataa kuiachia.

Hospitalini daktari alimtazama Lameki mguu, fizi, macho. Hakuuliza rangi ya tumbo la nyoka. Nilikuwa nimesimama pale tayari kumjibu, nimejiandaa njia nzima, na hakuuliza! Aliuliza kitu kimoja tu: "Kaumwa saa ngapi?"

Mama akanitazama mimi. Kabla sijafungua mdomo, Lameki akasema, kwa sauti ndogo iliyokauka, "Asubuhi ya jana. Nilificha mimi. Niliogopa baba atatuchapa tukiacha ndege."

Wakamkata mguu chini ya goti.

Na Mzee Chali? Hakuna kilichompata. Alikuja kutupa pole na kuku, akasema kwa hakika tumbo lile lilikuwa na wekundu kwa ndani ambao jicho la mtoto haliwezi kuuona. Kwa hiyo kosa likawa la jicho langu, na elimu yake ikabaki safi. Baba akampokea yule kuku kwa mikono miwili. Mpunga wetu mwaka ule ulipata maji ya kutosha.

Hadithi hii nimeisimulia mara nyingi. Naisimulia vizuri. Nikiwa ofisini, kwenye kiwanda cha karatasi Mgololo, wenzangu huniomba niwaigizie Mzee Chali na kidole chake, na mkia uliokwenda kutoa taarifa, nao hucheka mpaka machozi. Namdharau yule mtu kwa moyo wangu wote, na dharau hiyo imenipa raha kwa miaka mingi. Kwenye simulizi zangu kuna mzee mjinga, baba mwoga, na kaka aliyeogopa kuchapwa akaficha. Kijiti cha mpera hakimo.

Wiki iliyopita, kwenye kundi letu la ukoo la WhatsApp, mjomba mmoja alituma picha. Nyoka amelazwa chali kwenye sakafu ya saruji, tumbo jekundu. "Wanaukoo, huyu nimemkuta bafuni. Katumwa au hajatumwa?" Majibu yakamiminika. Mmwagie chumvi. Mchome moto kwa mafuta ya taa. Angalia umegombana na nani. Watu wenye simu za kisasa, zenye kamera nzuri kuliko akili zao! Nikapandwa na hasira, nikaandika kwamba ukoo mzima ni wajinga, tumbo la nyoka halisemi kitu, akikuuma nenda hospitali, basi.

Mjomba akajibu, "Twilumba, wewe umekaa huko kiwandani na makaratasi. Nyoka umewajulia wapi?"

Wengine wakaweka vicheko. Halafu likaingia jibu la Lameki. Siku hizi anatengeneza simu Igowole, ana mke na watoto wawili, na mguu wa bandia anaouegemeza ukutani akiwa kazini. Huwa haandiki kwenye kundi ila kukiwa na msiba.

"Mwacheni," aliandika. "Twi anajua kusoma matumbo. Alinisomea la kwangu."

Na mbele yake kikaragosi kinachocheka. Lameki ni mtu wa utani, na sikuona ubaya ndani yake, na hilo ndilo lililonimaliza. Alikuwa ameubeba ule uongo kwa niaba yangu tangu kitandani pale hospitalini, na mimi nikaugeuza kuwa mchezo wa kuigiza ofisini. Mzee Chali angalau alileta kuku.

Mama yumo kwenye lile kundi. Huvaa miwani, anasoma kila kitu, haandiki. Chini ya utani wa Lameki ziliwekwa alama za kuuliza, "La kwako lipi tena?" Ningeweza kunyamaza, nao wangehamia kwenye habari nyingine kabla ya chai. Nikaandika, nikafuta, nikaandika tena, kwa hofu ya mtoto wa miaka tisa.

"Lilikuwa jeupe, mama. Lameki alitaka kuja nyumbani asubuhi ileile. Mimi ndiye niliyemwambia akalale dunguni."