Kopo la Vifungo

Nimemwonea dada yangu wivu tangu nina miaka sita, na sioni haya kulisema. Alinitangulia kuzaliwa, alinizidi nywele, na sasa ana nyumba Houston yenye chumba cha wageni ambacho mgeni wake ni mimi. Hayo yote ningeyameza. Kilichonikaba ni kopo la mama.

Mama alikuwa fundi cherehani, Tanga. Vifungo vyake alivitia kwenye kopo la biskuti, na mwaka tuliougua surua, tukafungiwa ndani wiki mbili, mimi na dada tuliumba nchi humo. Tuliiita Koponi. Watu wa Koponi hawakuweka kumbukumbu vichwani. Waliziweka kwenye vifungo, na kila kifungo kilikuwa mali ya mji mzima. Unakishika, unasimulia jambo lililotokea, na mwingine aliyekuwepo lazima aitikie, "Nilikuwepo." Ndipo kinarudi koponi kimejaa. Asipopatikana wa kuitikia, kifungo ni bubu, na hadithi yake haisimuliwi tena. Sheria hiyo niliitunga mimi. Dada alitaka kila mtu asimulie apendavyo. Nililia mpaka mama akanipa ushindi ili apate kushona.

Miaka mitatu iliyopita mama aliugua. Karatasi zangu za uhamiaji zilikuwa hazijakaa sawa. Ningetoka Marekani, nisingerudi. Dada akaenda, akamuuguza, akamzika, akarudi na kopo. Mimi nilibaki Grand Prairie nikiogesha mama za watu kwenye nyumba ya wazee.

Idi iliyopita nilimchukua binti yangu tukaenda Houston. Jikoni kwa dada kuna kanga imetundikwa ukutani: Mwenye wivu ajinyonge. Niliisoma kama barua iliyoandikwa kwangu.

Baada ya biriani, binti zake wawili walitandika mkeka, wakaleta kopo. Walicheza Koponi kwa Kiswahili kilichonyooka. Binti yangu, ambaye hata nikimwita kula hunijibu kwa Kiingereza, alikaa katikati yao, mdomo wazi.

"Mama, how come you never told me?" akaniuliza.

Nilitamani kulipiga kopo teke.

Dada akachukua kifungo kimoja cha kahawia. "Hiki ni cha gauni la mwisho la Bibi," akasema. Akasimulia, kama alivyonisimulia tangu msiba, jinsi mama alivyoomba chai ya tangawizi, akanywa vijiko vitatu, akamshika mkono, akaondoka kama anayesinzia.

"Tulikuwepo!" wakaitikia binti zake.

"Hamkuwepo," nikasema. "Mlikuwa hapa, shule. Nani alikuwepo?"

"Mama mdogo, tunacheza tu," mkubwa akasema.

"Sisi hatukuwa tunacheza. Dada, nani alikuwepo?"

Dada hakunitazama. Alikirudisha kifungo, akafunika kopo, akauliza nani anataka kalimati. Nilifurahi kumwona ameaibika, na furaha hiyo ilikuwa tamu kuliko kalimati zenyewe.

Asubuhi tukiwa tunaondoka nilikiiba. Nilijiambia nalinda sheria. Uongo mtupu, kilikuwa kijiba cha roho. Nilitaka awe na kopo lenye pengo.

Siku tatu baadaye alinipigia nikiwa kwenye mapumziko ya mchana. Nilitoka nikaingia kwenye gari.

"Kifungo unacho?"

"Kifungo gani?"

"Usinifanye mtoto."

Kilikuwa kwenye mfuko wa sare yangu. Nilikuwa nakibeba kila siku kazini, sijui kwa nini.

"Kaa nacho," akasema. "Ni bubu hicho. Ile chai aliinywa asubuhi. Alipokata roho mimi sikuwepo."

"Ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa barazani. Network ya ndani ilikuwa mbaya, nikatoka kupokea simu. Kurudi, nikakuta tayari."

"Simu ya nani?" nikauliza, ingawa nilikuwa nimeshajua.

"Yako, mdogo wangu. Ulitaka nikuapie kwamba kopo nitakupa wewe."

Niliikumbuka yote. Sauti yake ikikatika, akisema ngoja nitoke nje, sikusikii. Nami nikimng'ang'ania: apa, apa kwanza, wewe kila kitu unachukua wewe. Nilimshikilia pale barazani dakika kumi nzima, na mama yetu yuko peke yake chumbani.

"Mbona hukuniambia?"

"Ningekuambia, ungekaa nayo vipi huko, huwezi hata kuja kuona kaburi?" Akapenga kamasi. "Nikaona bora niwe muongo."

Miaka mitatu nilimwonea wivu kwa mkono alioshikwa na mama, na mkono huo ulikuwa umeshika simu yangu. Nikatoa kifungo mfukoni, nikakiweka kiganjani.

"Simulia," nikamwambia.

"Nisimulie nini?"

"Hiyo ya simu."

Akaanza. Alisimulia baraza lililokuwa limedekiwa muda si mrefu, nguo za jirani kwenye kamba, na mimi nikimfokea sikioni. Alisimulia alivyofungua mlango akiwa bado ananijibu, simu ikakatika. Hakuniruka mahali popote. Alipomaliza alisubiri, nami nikatii sheria niliyoitunga mwenyewe.

"Nilikuwepo," nikasema.